Baba Alipochimba Bahari

Fundi aliyekuja kunitengenezea jikoni aliwasha grainda yake, akaanza kukata jiwe la kuweka kando ya sinki, na harufu ile ikajaa nyumba nzima. Si harufu ya mvua ya kwanza juu ya vumbi, ile ambayo kila mtu huisifu. Hii ni harufu kavu ya jiwe lililopashwa moto ghafla, inakukamata kooni. Nilimwambia azime. Akaniuliza, "Madam, kwani ni kelele?" Nikamwambia azime ama aende zake. Alizima, akaniangalia vile vijana huangalia mtu anayeanza kuzeeka vibaya, na mimi nikatoka nje nikasimama kando ya tangi la maji mpaka harufu ipungue. Hasira hasara, tumeambiwa tangu utotoni. Sawa. Lakini hii yangu nimeibeba karibu umri wangu wote na haijapoa, na mtu wa rika langu atanielewa nikisema kwamba sitaki hata ipoe.

Kwetu kulikuwa kusini mwa Kitui, mbali kidogo na Mutomo, ambako baba alienda siku za soko kuuza mbuzi. Ukimwambia mtu wa mjini kwamba ulikulia kando ya mto, atakuuliza habari za samaki. Mto wetu ulikuwa mchanga. Maji yalipita juu yake siku chache za mvua, mekundu, yakibeba magogo na mizoga, kisha yakazama, na kuanzia hapo mto ulikuwa barabara pana ya mchanga ambayo ng'ombe waliilalia. Lakini hata mtoto wa kubebwa mgongoni alijua kwamba maji hayajaenda popote. Yalikuwa chini. Ulichimba, ukangoja, yakaja yenyewe, safi na baridi.

Kila boma lilikuwa na shimo lake mtoni, limezungushiwa miiba ili wanyama wasiingie. Sheria ya shimo ilikuwa moja: anayelizoa ndiye mwenyewe. Mchanga hurudi kila usiku, kwa hivyo alfajiri mwanamume wa boma hushuka, huutoa, hufuata maji yanakoteremkia. Ukiliacha mpaka lijifukie, basi shimo limelala, na shimo lililolala ni la yeyote atakayeliamsha. Hakukuwa na kesi ya kupeleka kwa chifu. Letu lilikuwa mahali pazuri, pale ambapo mwamba unaukata mto chini ya mchanga na kuyazuia maji yasiteremke. Babu alilizoa kabla ya baba. Wageni walipouliza boma letu ni lipi, walielekezwa kwa shimo kwanza, kisha kwa nyumba.

Nyuma ya nyumba kulikuwa na kilima cheupe. Jiwe lake lilikuwa limejaa punje zinazong'aa kama sukari, na lilikuwa na mistari ya kijivu iliyopinda pinda kutoka upande mmoja hadi mwingine. Hatukulitumia sana. Wanawake walichukua vipande vyake kusugulia miguu, na sisi watoto tulichora chora nalo juu ya mawe meusi. Kilikuwa kilima tu, mbuzi walikipenda.

Kisha ukaja mwaka ambao mvua za Novemba zilikataa, na zile za Aprili hazikufika kabisa. Maji mtoni yaliteremka. Shimo letu likawa refu kiasi kwamba baba akiingia hukuona kichwa chake, na mama alisimama katikati ya njia ya kuteremkia shimoni kupokea debe na kunipitishia mimi juu. Mama alikuwa mjamzito. Nilikuwa na umri wa kutosha kubeba debe lakini si wa kutosha kushuka.

Ndipo alipokuja yule mtu. Alikuja na Land Rover, nyundo ndogo kiunoni na kofia ya kitambaa. Nikisimulia habari hii watu humwona mzungu, kwa hivyo niseme mapema: hakuwa mzungu. Alikuwa mtu kama sisi, wa mkoa mwingine, mwenye Kiswahili kitamu cha shuleni. Ametumwa na serikali ama na kampuni, mpaka leo sijui. Watu walimwita Bwana Mawe.

Siku ya kwanza alinikuta kilimani na mbuzi. "Msichana, kuja uone kitu," akasema. Alitoa chupa ndogo mfukoni, akadondosha tone moja juu ya jiwe jeupe. Jiwe likatoa povu. Lilichemka pale pale, bila moto, likilia kama mafuta kwenye sufuria. Nilipiga kelele, nikamkimbilia baba aliyekuwa akikata miiba chini. Nilimwambia jiwe liko hai, na lina maji ndani yake, na maji yanatoka.

Baba alikuja na panga mkononi. Alikuwa na Kiswahili cha kazi, alichokipata kwenye shamba la mkonge ujanani. "Hii ni nini inachemka?" akauliza.

"Ni jiwe linaongea, mzee." Bwana Mawe alicheka. Akatoa kwenye mkoba wake jiwe lingine, la rangi ya uji, lenye umbo la konokono ndani yake, kila mkunjo wake ukionekana. "Hii nimetoa pwani. Huyu alikuwa mnyama, aliishi chini ya bahari, akafa, akafunikwa na matope, sasa ni jiwe. Tazama." Akadondosha tone. Likachemka vile vile. "Umeona? Hili na lenu ni ndugu. Hapa umesimama, mzee, palikuwa chini ya bahari. Kilima chote hiki ni matope ya bahari. Yalilala, yakafunikwa, yakapikwa na joto la chini, dunia ikayakunja kama blanketi ikayainua. Hii mistari unaona ndiyo mikunjo."

Baba alivua kofia. "Bahari ilipita hapa?"

"Haikupita. Ilikaa."

Nataka mnielewe hapa, maana watu wengi hucheka. Mtu wa nchi ya mvua ukimwambia palikuwa na bahari, husikia hadithi ya zamani. Mtu wa kwetu husikia maelekezo. Maisha yetu yote yalisimama juu ya jambo hilo moja: kwamba maji yakikaa mahali hayaondoki, hushuka tu, na kazi ya mwanamume ni kuyafuata. Mto wa siku chache ulituachia maji ya miezi. Sasa bahari nzima, iliyokaa, ingekuwa imeacha nini?

"Na nikichimba?" baba akauliza.

Bwana Mawe hakumtazama baba. Alitazama kilima, akitembeza macho kutoka juu hadi chini, kama mtu anayechagua mbuzi wa kuchinja. "Chimba," akasema. "Chimba upande huu wa mashariki, hapa chini. Hii ya juu imechakaa na jua. Ukifika kwa jiwe safi uniite."

Neno maji hakulitaja. Baba pia hakulitaja, kwa sababu kwetu mtu akisema anachimba hakuna anayeuliza anachimba nini.

Jumapili iliyofuata jambo lile lilifika kanisani. Mwalimu wa kanisa, mtu mpole asiyekuwa na hila, alisema maji ya gharika lazima yalienda mahali, na kwamba Mungu ana ghala zake chini ya ardhi. Watu wakaitikia amina kwa koo zilizokauka. Baba akaitisha mwethya, ile kazi ya pamoja ambayo jirani akikuita huulizi utapata nini, unabeba jembe unaenda. Wakaja wanaume wengi, wakaimba.

Mama peke yake alikataa. "Mto naujua," alimwambia baba kwa Kikamba. "Bahari siijui. Na watu husema ina chumvi."

"Chumvi imebaki kwa jiwe," baba akamjibu, amefurahi kwamba mama ameitaja. "Si unaiona vile inang'aa? Imechujwa yote. Maji ya chini ni matamu."

Mimi nilienda nikalamba kilima. Hakikuwa na chumvi. Nilijiambia kwamba nimelamba mahali pabaya.

Jembe halikufanya kitu kwenye jiwe lile, wala sururu. Wanaume wa mwethya walipungua, kila mmoja akarudi kwenye shimo lake mtoni, wakabaki baba na ndugu yake. Basi wakatumia njia ya zamani ya kupasua mwamba: unapanga kuni juu yake, unachoma tangu asubuhi, kisha unaumwagia maji baridi, unapasuka. Nawaomba msome sentensi hiyo tena. Katika mwaka ule, katika kiu ile, baba alimwaga maji juu ya jiwe ili apate maji. Yalikuwa maji ya mama. Yalikuwa yale madebe ambayo mimi na yeye tuliyapandisha kutoka mtoni, yeye akishika mgongo kwa mkono mmoja.

Na jiwe lilimjibu. Lilinguruma, likatoa mvuke, likavimba, likamomonyoka kuwa unga mweupe uliokuwa moto hata baada ya kuni kuzima. Baba alisimama juu ya shimo lake akiwa mweupe kuanzia nyusi hadi vidole vya miguu. "Linapumua!" aliita. "Mwende, binti yangu, mwambie mama yako linapumua!" Nilikimbia kumwambia. Mama alikuwa ameketi kivulini, akainua debe tupu akanipa.

Leo najua kwamba jiwe la aina ile ukilichoma vizuri linageuka chokaa, na chokaa ikikutana na maji huchemka yenyewe. Bwana Mawe alilijua hilo kuliko mtu yeyote. Alikuja mara kwa mara. Aliteremka shimoni, akagonga, akaokota vipande, akavitia kwenye vifuko vya kitambaa na kuandika namba. Alimpiga baba begani. "Kazi safi, mzee. Umefika pazuri. Ongeza kidogo, sogea kulia." Baba alisogea kulia.

Kukichimba kilima kulimaanisha kutolizoa shimo la mtoni. Mama alijaribu. Alishuka na tumbo lake, nikamzuia nikilia, akapanda. Tulichota kidogo kidogo kutoka ukingoni, mchanga ukawa unamiminika kutoka pande zote. Asubuhi moja tulifika tukakuta miiba mipya. Jirani yetu Mutisya alikuwa ndani na wanawe, mchanga umetupwa mbali, maji yanang'aa.

"Mama Mwende," alisema, na aibu ilimjaa usoni, lazima niseme hivyo. "Tuliona imelala."

"Ni sawa," mama akajibu. "Ilikuwa imelala."

Alijaziwa debe moja kwa heshima. Tangu siku hiyo tulikuwa watu wa kungoja. Tulichota kwenye mashimo ya wengine, wakishamaliza wao, na ng'ombe wao, na punda wao. Ng'ombe wetu hawakuweza kungoja. Walianza kuanguka, na aliyeanguka hakuinuka.

Baba aliacha kuchimba siku ambayo chokaa ilimrukia jichoni. Ndugu yake alimpandisha juu ya punda akampeleka hospitali ya misheni, na ndio maana hakuwepo nyumbani Bwana Mawe alipokuja kwa mara ya mwisho. Mama ndiye aliyemkuta shimoni, anapima kuta kwa utepe. Nilisimama nyuma ya mama nikishika leso yake.

"Maji iko?" mama akauliza. Kiswahili chake kilikuwa kidogo, lakini kilitosha.

Bwana Mawe aliinua kichwa. "Maji gani, mama?"

"Ya bahari. Ile ulisema."

Nilimwona akielewa. Sitaki mtu aniambie kwamba labda hakuelewa, au kwamba ndio kwanza ameelewa. Alielewa kama mtu anayekumbushwa deni. "Mama, hii jiwe haina maji," akasema. "Bahari ilitoka hapa zamani, zamani sana, huwezi kuhesabu. Mimi ni mtu wa mawe. Maji ni ofisi nyingine."

"Na ulimwambia achimbe."

"Aliniuliza kama achimbe. Nikasema achimbe. Nilitaka kuona jiwe la ndani likoje, na ni jiwe zuri sana, mama. Mtaona faida siku moja." Akakunja utepe wake.

Wahenga walisema mchimba kisima huingia mwenyewe. Hawakusema lolote kuhusu anayesimama juu, mikono mfukoni, akimwonyesha mwenzake pa kuchimba.

Mama alitembea hadi nyumbani bila kulia. Mlangoni alinishika mabega, akaniinamia mpaka nikasikia pumzi yake. "Usimwambie baba yako. Ataumwa moyo na jicho pamoja. Mwache na jicho." Nilinyamaza kwa sababu aliniambia, na kwa sababu uso wake siku hiyo uliniogopesha kuliko njaa.

Tulihama kabla mvua hazijarudi. Tulienda Makueni, upande wa Tawa, kwa ndugu za mama, ambako kulikuwa na migunda yenye matuta na vijito vyenye maji kweli. Walitupokea vizuri, na mama akajifungulia kwao. Lakini mnaojua mila zetu mnajua maana ya mwanamume kujenga kwa wakwe zake, kula chakula cha shemeji, kunyamaza watu wakizungumza mambo ya ardhi. Njiani tulivuka Yatta, ule uwanda mrefu uliolala kama ukuta, na baba akainama kwa jicho lake moja akaokota jiwe jeusi la pale, akaligeuza geuza. "Hapa pia palipita kitu," akasema. Alisema kweli. Nilikuja kujua nikiwa chuoni kwamba Yatta ulikuwa bonde la mto, moto wa chini ya ardhi ukatiririka ukalijaza, kisha nchi ya pande zote ikaliwa na mvua hadi bonde likabaki juu ya kila kitu.

Ndiyo, nilisoma mawe. Nilikuwa mwalimu wa jiografia, na nilichagua hivyo kwa hasira. Nilitaka kumkamata yule mtu katika uongo. Nilisoma habari za sakafu ya bahari, milima yake na mabonde yake yaliyo gizani, matope yanayotua punje kwa punje, jinsi yanavyopikwa mpaka huwezi tena kuona kilichokuwa ndani, kama vile huwezi kuonyesha punje ya mahindi kwenye ugali. Na kila nilipogeuza ukurasa nilimkuta yuko sawa. Palikuwa na bahari. Kilima chetu kililala chini yake. Uongo pekee niliompata nao ni yule konokono, maana kilima chetu ni kizee kuliko konokono wote waliowahi kutambaa, na undugu wake na jiwe la pwani ni wa mbali kuliko alivyotuonyesha. Kitu kizuri kuliko vyote nilivyowahi kujua kuhusu nchi yangu nilikisikia kwanza kutoka kinywani mwa mtu aliyekuwa akitafuta mchimbaji wa bure. Hilo ndilo linalonichoma. Nilifundisha somo lile miaka mingi, watoto wakafungua macho wakafurahi, na mimi nilisimama ubaoni nikitamani kurusha chaki.

Baada ya muda malori yalikuja kilimani. Walianzia palepale kwenye shimo la baba, kwa sababu lilikuwa tayari limefunguliwa, upande wa mashariki, limesogea kulia.

Baba alizeeka kwa wakwe zake. Hakumlaumu mtu. Jioni moja nilikuja kuwatembelea, nikamkuta nje amejifunika blanketi, mama kando yake akipeta pojo. Aliniita nikae karibu na jicho zima.

"Mwende. Wewe ni mwalimu wa mambo hayo. Yule mtu wa mawe alinidanganya?"

"Hapana, Nau," nikasema, nikimwita baba kwa Kikamba. "Bahari ilikuwa pale."

Uso wake ulifunguka. "Nilijua," akasema. "Nilijua tangu siku ile. Mimi ndiye nilichoka mapema. Mwanamume huwezi kuacha shimo katikati kwa sababu ya jicho. Ningeongeza kidogo tu, mungekunywa, na tungekuwa kwetu." Ndipo nilipofahamu kwamba miaka yote ile, kila alipoinamisha kichwa mezani kwa shemeji zake, alikuwa akijihukumu kwa uvivu.

Ungo wa mama ulisimama. "Mwambie yote," akasema bila kuinua macho. "Amezeeka vya kutosha."

Nikamwambia. Nilimwambia bahari iliondoka kabla ya watu, kabla ya ng'ombe, kabla ya nyasi, hata kabla ya konokono. Nilimwambia haikuacha tone, na kwamba angechimba mpaka wajukuu wamkute, angekuta jiwe.

"Na yeye alijua hivyo?"

"Alijua."

"Siku ile ile?"

"Siku ile ile, Nau. Alitaka tu kuona jiwe la ndani."

Nilingoja. Nilikuwa nimemwekea nafasi katika hasira yangu tangu utotoni, na nilidhani sasa ataingia tukae pamoja. Baba alitazama mikono yake, akaigeuza, akaitazama upande wa pili. Alipozungumza hakuwa na hasira. Alikuwa kama mtu aliyeonyeshwa tabia mbaya ambayo hajawahi kuiona kwa watu wazima.

"Si angeniomba tu," akasema. "Ningemchimbia."